Juu ya "Nguo za Magome": Uhakiki wa Jina Moja

Mtu asomaye vitabu vya historia vilivyotungwa kwa Kiswahili kwa ajili ya shule zetu hakosi kukutana na habari ya kwamba wahenga walivaa ngozi za wanyama na magome ya miti, kisha wakaja wafanyabiashara wa pwani na nguo. Habari hii husomwa Handeni na Korogwe kama isomwavyo kwingineko, na mwanafunzi huondoka na picha ya mzee aliyejifunga kipande cha ganda kavu kiunoni. Watafsiri nao, wapatapo habari za visiwa vya Bahari ya Pasifiki, ambako tapa ilikuwa vazi la watu kwa karne nyingi, huandika vivyo hivyo: "nguo za magome". Nia ya makala haya ni kulihakiki jina hilo. Nadai kwamba si sahihi kwa habari ya kitu chenyewe. Kwamba limetokana na jicho la mwenye kuuza nguo, wala si la fundi. Na kwamba Kiswahili kina jina lililo bora kuliko hilo, nasi tumeliacha lififie.

Yafaa tuanze na kitu chenyewe, kwa kuwa wengi wanaolitumia jina hawajapata kukiona. Katika Buganda mti utumiwao ni mutuba, ambao wataalamu wa mimea huuita Ficus natalensis, wa jamii moja na mkuyu. Fundi huuendea wakati wa mvua, utomvu ukiwa mwingi. Hukwangua tabaka la nje, lile gumu na kavu, akalitupa. Kisha hukata mstari mmoja juu na mmoja chini, akapasua kwa urefu, akabandua tabaka la ndani likiwa zima, bichi, lenye maji. Shina lililoachwa wazi hufungwa majani ya mgomba lisikauke, na tabaka jipya huota. Hivyo mti ule ule huvunwa tena mwaka hata mwaka. Kile kilichobanduliwa hulazwa juu ya gogo, chini ya banda lililo wazi pembeni ili jua lisikiwahi, kikapigwa kwa nyundo za mbao zilizochongwa mifuo: kwanza nyundo ya mifuo mipana, kisha ya wastani, mwisho ile ya mifuo myembamba. Kwa kupigwa huko huzidi kutanuka, mpaka kipande kilichokuwa chembamba kikawa shuka ya kumfunika mtu. Kikianikwa juani hugeuka rangi, kikawa chekundu kama udongo wa tanuri. Waganda hukiita olubugo, kwa wingi embugo. Kazi ya kuipiga ni kukomaga, na mwenye kazi ni omukomazi. Mafundi wa mfalme hutoka katika ukoo wa Ngonge, na mkuu wao, mwenye cheo cha kurithi, huitwa Kaboggoza. Kando ya Ziwa Nyanza, katika nchi ya Bukoba, Wahaya nao waliijua kazi hii kabla pamba haijaenea.

Sasa tuvuke bahari mbili. Katika Polinesia mti ni mforsadi wa karatasi, Broussonetia papyrifera, nao, jambo la kupendeza, ni wa ukoo mmoja wa mimea na mkuyu wetu. Si mti wa asili wa visiwa vile. Watu waliubeba katika mitumbwi yao, na uchunguzi wa vinasaba uliochapishwa mwaka 2015 umeifuata njia ya mti huo hadi kisiwa cha Taiwan, ambako ndiko wanaisimu walikokwisha kuiweka chemchemi ya lugha za Kiaustronesia. Ushahidi wa mti na ushahidi wa maneno umekutana mahali pamoja, na mwanaisimu hapati furaha kama hiyo kila siku. Huko hawabandui mti ukaachwa usimame. Kijiti hukatwa kizima kikiwa bado chembamba, ngozi yake ikavuliwa, tabaka la nje likakwanguliwa na kutupwa, la ndani likalowekwa na kupigwa. Vipande hubandikwa kimoja juu ya kingine kwa uji wa wanga, hata huko Tonga likapatikana shuka refu la kutandikwa njia nzima ya arusi au maziko ya mkubwa. Watonga huliita ngatu, Wasamoa siapo, Wafiji masi, watu wa Hawai'i kapa. Na tofauti iliyo kubwa kupita zote ni hii: Buganda ni kazi ya wanaume, Polinesia ni kazi ya wanawake.

Msomaji ataona kwamba pande zote mbili kitendo cha kwanza ni kuliondoa gome. Katika Kiswahili gome ni lile tabaka la nje, lililokufa, lenye kupasuka na kubambuka. Ndilo tulipikalo dawa, ndilo tuchocheleralo moto. Kinachobaki baada ya gome kwenda ndicho kinachofanywa nguo. Kuita kitu hiki nguo ya gome ni sawa na kuita mchele chakula cha makapi. Ninajua kwamba jina la Kiingereza nalo lina neno lenye maana ya gome ndani yake, na kwamba watafsiri wetu wamelifuata hilo. Lakini neno la Kiingereza hukusanya tabaka zote za ngozi ya mti pamoja, na letu halifanyi hivyo kwa wepesi. Tafsiri imefuata umbo ikaacha maana.

Ziko nchi zinazojua vizuri kazi ya gome lenyewe, na Handeni ni mojawapo ya nchi za miombo ambako jambo hilo laweza kuelezwa bila kamusi. Katika misitu ya namna hiyo gome la mti hufanywa mzinga wa nyuki; hukunjwa na kushonwa likawa lindo au kilindo, chombo cha mviringo cha kuwekea unga au nguo; na tabaka lake la ndani huchunwa likawa kamba ya kufungia nguzo na fito. Mwenyeji wa nchi hizo hachanganyi gome la lindo na uzi wa kamba, ijapokuwa vyote vimetoka katika shina moja. Kosa la kuvichanganya ni la kwetu sisi tukaao mezani na kalamu.

Pana hoja nyingine, nayo nzito kidogo, isemayo kwamba jina si kitu, kwa kuwa kitu hiki si nguo hasa. Nguo, husema wenye hoja hii, sharti ifumwe: pawe na mtande, pawe na mshindio, pawe na kitanda cha mfumi. Hoja hii imetoka Ulaya pamoja na neno la Kilatini texere, yaani kufuma, ambalo limezaa jina la elimu nzima ya vitambaa katika lugha za huko. Lakini asili ya neno si sheria ya kitu. Wanaume waliosafiri na kapteni James Cook hawakuwa na shaka hiyo: mwaka 1787 Alexander Shaw alitoa London kitabu kilichobandikwa vipande halisi vya tapa vilivyoletwa kutoka safari zile tatu, na katika anwani yake akaviita nguo bila kusitasita. Ni baadaye, wenye kupanga makumbusho walipogawa vitu vya dunia katika makabati, ndipo pamba na hariri zikawekwa chumba kimoja na tapa ikapelekwa chumba cha pili pamoja na mikuki na makasia.

Na mwenye kushikilia mtande na mshindio na atembee katika soko la Korogwe leo. Tangu Juni 2019, mifuko ya plastiki ilipokatazwa nchini, watu hubebea bidhaa katika mifuko mbadala, na nimesikia mara nyingi ikiitwa mifuko ya kitambaa. Auchukue mmoja autazame dhidi ya mwanga: hataona uzi uliopita juu ya uzi. Nyuzi zimetawanywa ovyo zikashikamanishwa kwa joto. Hakuna anayesita kuuita kitambaa, kwa sababu hukunjika, hushonwa, na hubeba. Kama twakiri kwamba kitu kilichotoka katika mafuta ya petroli bila kufumwa ni kitambaa, kwa haki gani twaikatalia mbugu ya Buganda?

Upande wa lugha yetu hoja ile ni dhaifu zaidi. Neno nguo halina kufuma ndani yake. Linatokana na shina la Kibantu ambalo wataalamu wa ulinganishi hulipa maana mbili kwa pamoja, nguo na ngozi ya kuvaa. Ndugu yake katika Kizulu na Kixhosa ni ingubo, blanketi au vazi. Watu waliolisema neno hilo kwanza walikuwa wakizungumza juu ya kile kiufunikacho mwili, kiwe kimechunwa, kimepigwa au kimefumwa. Kitanda cha mfumi kilikuja baadaye, na pwani kilifanya kazi kubwa: Ibn Battuta, aliyepita Mogadishu mwaka 1331, ameeleza jinsi nguo za mji ule zilivyopelekwa mpaka Misri, na vigurudumu vya kusokotea nyuzi vimefukuliwa Kilwa kwa wingi. Kwa hiyo maneno ya kufuma yameingia sana katika lahaja za pwani. Lakini neno nguo ni kongwe kuliko kitanda hicho, nalo halikuomba ruhusa yake.

Ikiwa ni hivyo, dharau iliyomo katika "nguo za magome" ilitoka wapi? Nadhani jibu lapatikana njiani, hasa katika njia iliyopita bonde la Mto Pangani. Mwaka 1833 Sayyid Said alifanya mkataba wa biashara na Marekani, na baada yake nguo nyeupe ya pamba kutoka viwanda vya Massachusetts ikajaa Unguja na kupanda bara kwa jina la merikani. Vita vya wenyewe kwa wenyewe vilipoikatiza biashara hiyo kati ya 1861 na 1865, nguo za Uingereza na Bombay zilichukua nafasi, lakini jina likabaki merikani. Nguo ilikuwa fedha ya njia: hongo ililipwa kwa nguo, vyakula vilinunuliwa kwa nguo, wapagazi walipewa posho kwa nguo. Semboja, mwana wa Kimweri ye Nyumbai, aliliona hili mapema. Aliushusha utawala wake kutoka milimani hadi Mazinde, katika wilaya iitwayo leo Korogwe, pale misafara ilipopita, na nguvu yake ikawa ya biashara kuliko ya mvua. Ye yote aliyesoma Habari za Wakilindi, kitabu cha Abdallah bin Hemedi kilichochapwa Magila na kutolewa tena mwaka 1962 kwa uhariri wa J.W.T. Allen, ajua jinsi mtu wa pwani alivyoweza kuiandika nchi hiyo kwa ndani na bado akawa mtu wa pwani.

Katika biashara ya namna hiyo kuna faida kumwambia mnunuzi kwamba alichovaa si nguo. Mwenye merikani begani hakuwa na sababu ya kujua mifuo mitatu ya nyundo ya fundi. Aliona kitu chekundu kilichotoka mtini, akakiita kwa jina la mti. Simlaumu, alikuwa kazini. Ninaowalaumu ni watungaji wa vitabu vya shule waliolirithi jina lake miaka mia baadaye, wakalifundisha kama elimu.

Hata hivyo misafara ile ile ilikuwa na jina jingine. John Hanning Speke, katika kitabu chake cha mwaka 1863, kila afikapo habari za mavazi ya Karagwe na Buganda huandika mbugu, naye maneno ya namna hiyo aliyapata kwa wafuasi wake waliosema Kiswahili. Hili ni lubugo la Waganda lililopita katika kinywa cha Mswahili, likaacha kiambishi chake cha umoja na kuvaa umbo la ngeli ya tisa. Limekaa vizuri: mbugu hii, mbugu hizi, mbugu za Buganda. Ndilo jina ninalolitetea.

Zipo pingamizi mbili. Ya kwanza ni kwamba Kiswahili kilikuwa na mbugu nyingine kabla ya hiyo, nayo ni mmea utambaao ambao shina lake hutumika kama kamba. Lakini hili, kwangu, si pingamizi bali ni msaada. Kitu cha mmea, chenye nyuzi, kisichosokotwa wala kufumwa, kitumikacho kama kilivyo baada ya kuchunwa: mbugu ya kamba na mbugu ya kuvaa zakaa jirani, na msemaji hatapotea. Ya pili ni ya watu wa Korogwe wenyewe, ambao wakisikia mbugu hufikiri kwanza juu ya Wambugu wa milima ya Usambara, wale ambao lugha yao yenye asili mbili imewashughulisha wanaisimu tangu Whiteley alipoiandikia mwaka 1960 hadi kitabu cha Maarten Mous cha mwaka 2003. Hapa natoa onyo. Jina la kabila halina uhusiano na nguo ya Buganda kwa sababu tu sauti zimelingana. Vivyo hivyo asitokee mtu akatuambia kwamba -bugo na -gubo ni shina moja lililopinduliwa silabi. Ni mchezo mzuri wa baada ya chakula, lakini kupinduka kwa silabi hudaiwa kwa kanuni, wala si kwa mfano mmoja.

Kuna wenzangu wasemao kwamba kulitoa neno la Buganda na kulifanya jina la kazi ya ulimwengu mzima ni kulinyoosha kupita kiasi. Nawaomba waangalie mkonge. Neno hili lilikuwa la mmea wa kwetu wenye majani marefu ya nyuzi, uotao katika nchi kavu, ambao watu waliutengenezea kamba tangu kale. Mwaka 1893 Richard Hindorf alileta miche 1,000 ya mmea wa Kimeksiko kwa njia ya Florida na Hamburg. 62 tu ndiyo iliyofika hai. Reli kutoka Tanga ikafika Korogwe mwaka 1902, mashamba yakatanda bondeni, na wenyeji hawakungoja kamati: jina la mmea wa kale wakampa mgeni, na leo asemaye mkonge hufikiriwa kusema mgeni huyo, mpaka yule mwenyeji ndiye anayehitaji maelezo. Lugha ya mashamba ilichukua na mengine bila haya, manamba kutoka katika namba za vibarua wa mkataba, korona kutoka katika jina la mashine ipondayo majani na kuacha nyuzi. Hakuna aliyelalamika kwamba mkonge umenyooshwa.

Hawai'i walifanya lile lile kwa upande wa nguo. Pamba ilipofika, kapa halikutupwa, lilipanuka. Shuka la kulalia ni kapa moe, na mfarishi wa vipande vya pamba vilivyoshonwa, kazi ambayo wake wa wamisionari waliifundisha, ni kapa kuiki. Nguo ya kupigwa iliipa jina nguo ya kufumwa. Kwetu jambo lilikwenda kinyume: nguo ya kufumwa ilitwaa jina la nguo peke yake, na ile ya kupigwa ikasukumwa mpaka kwenye magome. Hilo si tofauti ya ustaarabu wa watu wawili, ni tofauti ya nani alishika kalamu na nani alishika mizani.

Wala asidhani mtu kwamba neno lubugo limekufa huko lilikozaliwa. Kabaka Mutesa II alipohamishwa kwa nguvu mwaka 1953, Waganda walivaa embugo kama dalili ya msiba na ya kukataa, mpaka aliporudi mwaka 1955. Mwaka 2005 UNESCO iliitangaza kazi hiyo kuwa miongoni mwa tunu za urithi wa binadamu, na mwaka 2008 ikaingizwa katika orodha yake. Lakini kwangu mimi ushahidi ulio na uzito kupita huo ni neno dogo amabugo. Zamani wafiwa waliletewa nguo hizo za kumzikia marehemu. Leo waletewa fedha, na fedha hizo bado ni amabugo. Msomaji wa Kiswahili ataitambua njia hiyo mara moja. Mkaja ni nguo ya kufungia tumbo la mzazi, na ni fedha apewayo mama wa bibi arusi. Kilemba ni kitambaa cha kichwani, na ni ada ya mjomba au ya mwalimu. Mbeleko ni nguo ya kubebea mtoto, na imo katika hesabu ya mahari. Buganda na pwani, wapigao na wafumao, wamefikiri namna moja juu ya nguo: kwamba ndiyo deni la mtu kwa mtu. Mwenye kuandika historia ya nguo duniani akaiacha mbugu nje kwa sababu haina mtande amekosa nusu ya habari hiyo.

Limebaki neno la kitendo, nalo ndilo lililonishughulisha zaidi. Tukisema "kutengeneza mbugu" hatujasema kitu, na "kuponda" ni kwa dawa na vitunguu. Kiswahili kina kitenzi chake: kufua. Mfua chuma hupiga chuma, mfua nazi hupiga nazi juu ya kifuo mpaka makumbi yatoke, na mfua nguo zamani alizipiga jiweni. Maana ya kuzitakasa kwa maji imekuja juu ya maana ya kupiga. Kufua mbugu basi ni neno lililokamilika, lenye fundi ndani yake, na omukomazi ni mfua mbugu. Najua kwamba msomaji wa mjini atafikiri kwanza juu ya sabuni na beseni. Lakini msomaji huyo huyo husikia mfua dhahabu bila kumdhania yuko kisimani, kwa kuwa jina lifuatalo ndilo liamualo. Ningependa kamusi ijayo iandike mbugu kwa maana zake mbili, ya kamba na ya vazi. Iandike kufua mbugu chini ya kufua, kando ya kufua chuma. Na iache tapa iwe jina la mbugu za Polinesia, kama vile merikani ilivyokuwa jina la pamba ya nchi moja. Gome na lirudi kwenye lindo na mzinga, ambako watu wa Handeni hawakupata kuliondoa.